Kaskazini mwa Reli

Panda mathree ya Donholm saa kumi na mbili jioni, msongamano umeshika Jogoo Road, na utasikia makanga akiita majina ya steji kama mtu anayesoma orodha ya duka: Greenfields, Savannah, kuna mtu wa Savannah? Watu wanashuka, wanavuka barabara, wananunua sukuma na nyanya za kuingia nazo nyumbani. Hakuna anayejiuliza savana iko wapi. Savannah ni mageti, fleti na maduka ya kutuma pesa. Greenfields nayo, ukitafuta shamba la kijani, utapata ua uliokatwa vizuri mbele ya nyumba za watu.

Najua wauza nyumba wanapenda majina matamu. Wataita mtaa "Bonde la Waridi" na hakuna bonde wala waridi. Lakini safari hii, manze, hawakudanganya. Eastlands yote, kuanzia Kaloleni hadi Ruai, ilijengwa juu ya mbuga, na mbuga hiyo haijafa yote. Imefunikwa.

Ushahidi wa kwanza uko chini ya miguu yako. Yeyote aliyejenga Kayole au Umoja anaujua ule udongo mweusi. Mvua ikinyesha unavimba na kushika kiatu kama gundi. Jua likiwaka unapasuka nyufa za kuingiza mkono. Fundi mwenye akili hamwagi zege kabla ya kuuchimba wote na kuutoa kwa lori, la sivyo ukuta utapasuka baada ya misimu miwili. Kule Kilimani na Muthaiga udongo ni mwekundu, maji yanashuka, miti inasimama. Huku kwetu ardhi ni tambarare, maji yanatuama, na huko kuvimba na kupasuka kunakata mizizi ya miti. Nyasi ndizo zinazoweza kuishi na vurugu hizo. Zinakauka, zinaliwa, zinaungua, halafu mvua ikigusa tu zinarudi. Ndiyo maana pale vilima vya magharibi vinapoishia, uwanda wa Athi na Kapiti unaanza, wazi, hadi macho yanachoka.

Fikiria Januari moja kabla ya mji. Mvua ya vuli imekwisha, jua limetulia, nyasi bado zina kijani kwenye shina. Pundamilia wanatangulia kwa sababu tumbo lao linaweza nyasi ndefu na ngumu. Nyumbu na kongoni wanafuata, wanakula majani yaliyofunuliwa. Nyuma yao swala tomi, mdomo mdogo, wanachagua machipukizi yaliyo karibu na ardhi. Kila mmoja anamwandalia mwenzake meza. Mbuni wanatembea kwa madaha, karani tamba anapiga nyoka mateke, simba amelala kwenye kivuli cha mgunga mmoja ule ule ambao kila mtu anautaka. Kiangazi kikikaza, kundi linasogea kwenye mito isiyokauka, kama Mbagathi. Mvua ikirudi linatawanyika tena uwandani.

Na watu walikuwapo. Wamaasai walichunga hapa, na jina la mji ni lao: Enkare Nairobi, maji baridi. Ng'ombe wao walikula nyasi zile zile, na moto waliouwasha kuondoa nyasi kuukuu ulileta machipukizi ambayo swala walikuja kuyala. Mbuga ile ilikuwa kazi ya mvua, wanyama na wachungaji kwa pamoja. Lakini mgeni aliyeitazama kutoka mbali hakuona ukuta wala shamba lililolimwa, akaandika kwenye ramani yake kwamba ni tupu. Shika neno hilo, tutalihitaji.

Reli ilifika hapa tarehe 30 Mei 1899. Wajenzi walitaka mahali tambarare pa kuweka karakana na makao makuu kabla ya kupanda milima ya Kikuyu, na uwanda ukawapa. Hadithi ya reli tumeifundishwa shuleni: simba wa Tsavo, vibarua kutoka India, madaraja. Jambo ambalo mwalimu wangu wa historia hakuwahi kulitaja ni kwamba reli hiyo iligeuzwa mpaka wa wanyama. Serikali ya kikoloni ilipotenga hifadhi kubwa ya wanyama kusini, ilihitaji mstari wa kuonyesha hifadhi inaishia wapi, na mstari ulikuwa tayari umeshalazwa chini kwa chuma. Kusini mwa reli mnyama alikuwa chini ya ulinzi. Kaskazini mwa reli, mwenye leseni na bunduki angempiga.

Pundamilia alikuwa na uwezo wa kuvuka reli kwa hatua nne. Upande mmoja ni mali ya serikali, upande mwingine ni ngozi ya ukutani.

Wakubwa wa dunia walikuja kutazama. Winston Churchill, wakati huo waziri mdogo wa makoloni, alipita hapa mwaka 1907 na mwaka uliofuata akatoa kitabu akieleza makundi ya wanyama aliyoyaona akiwa kwenye treni. Theodore Roosevelt alikuja mwaka 1909, wiki chache tu baada ya kutoka madarakani Marekani. Aliketi kwenye benchi lililofungwa mbele kabisa ya injini, upepo usoni, akiangalia uwanda ukifunguka. Kisha akashuka Kapiti na kuanza kazi. Safari hiyo ilipokwisha, yeye na mwanawe Kermit walikuwa wameua wanyama 512, wengi wakapelekwa kwenye jumba la makumbusho la Smithsonian kule Washington. Mashamba ya walowezi aliowindia, kama lile la McMillan kule Juja, yalikuwa upande wa kaskazini. Upande wetu.

Sasa chukua ramani ya leo. Fuata reli ya zamani kutoka stesheni, pita Makadara, endelea kuelekea Athi River. Mitaa tunayoiita Eastlands, Muthurwa, Kaloleni, Makongeni, Jericho, Buruburu, Donholm, Umoja, Kayole, iko wapi? Kaskazini. Sisi ni watoto wa upande ambao haukulindwa. Hifadhi ya Taifa ya Nairobi, ambako twiga wanapigwa picha na maghorofa nyuma yao, iko kusini.

Sisemi kwamba reli peke yake ndiyo iliyoamua. Mpaka huamua taratibu, kizazi kwa kizazi. Ardhi ya kaskazini ikiwa haina ulinzi, mlowezi anapewa shamba. Shamba likishakatwa kwa waya, wanyama wanaisha. Wanyama wakiisha, ardhi inasubiri mji ukue. Mlowezi wa Kiskoti alianzisha shamba akaliita Doonholm, na Jogoo Road yenyewe iliitwa Doonholm Road kabla ya uhuru. Shamba likaja kuwa mtaa, herufi moja ikaanguka njiani, na leo makanga anaita "Donii! Donii!" bila kujua anaita Uskoti.

Na wakati wanyama wanachorewa mistari, watu nao walikuwa wanachorewa. Wakuu wa mji walichukua udongo mwekundu wa vilimani kwa ajili ya Wazungu, na Waafrika wakaelekezwa mashariki, kwenye udongo mweusi na maji yaliyotuama. Pumwani ilipangwa miaka ya mwanzo ya 1920 kuwa mahali rasmi pa Mwafrika mjini. Vijiji vya Waafrika vilivyokuwa vimejiotea vyenyewe vilibomolewa kimoja kimoja. Cha Pangani kikaondolewa mwishoni mwa miaka ya 1930, na wengi wa watu wake wakahamia Shauri Moyo. Kariokor ilikaa palipokuwa kambi ya Carrier Corps, wale wapagazi wa Vita Kuu ya Kwanza waliokufa kwa maelfu. Mwanamume Mwafrika alivaa kipande shingoni, ndani ya kasha la chuma, na karatasi hiyo ndiyo iliyosema kama ana ruhusa ya kuwa mahali alipo.

Sheria moja inasema mnyama akivuka huku ni halali kupigwa. Sheria nyingine inasema mtu akivuka kule ni halali kukamatwa. Zilitoka ofisi za serikali ile ile, katika miaka ile ile, na zote mbili zilikuwa na akili moja: chora mstari, kisha kila kilicho nje ya mstari hakina mwenyewe.

Hifadhi ya Taifa ilitangazwa Desemba 1946, ya kwanza Kenya, kilomita za mraba 117. Kabla ya hapo sehemu hiyo ilikuwa malisho ya wazi ya mji, na wakati wa Vita vya Pili askari walifanyia mazoezi pale. Aliyeipigania ni Mervyn Cowie, mzaliwa wa Nairobi, na mbinu yake ilikuwa ya mtu wa mtaani kabisa. Aliandika barua gazetini akijificha nyuma ya jina "Old Settler", akapendekeza wanyama wote wauawe kwa sababu wanasumbua. Wasomaji wakawaka moto. Hasira zao ndizo alizozitaka, akazitumia kuisukuma serikali. Nampa heshima yake. Lakini siwezi kuisoma hadithi hiyo bila kukumbuka kwamba ni enzi ile ile nyumba za Pangani zilikuwa zinaangushwa.

Kwa haki, miaka hiyo ya 1940 ilituletea kitu kizuri pia. Kaloleni ilijengwa kwa mfano wa miji-bustani ya Uingereza: nyumba ndogo za mawe zikizunguka viwanja vya nyasi, ukumbi katikati, miti ya kivuli. Ukienda leo, utaona mpango ule bado. Nyumba zimechoka, vibanda vimejibandika pembeni, lakini ule uwazi wa katikati umebaki. Baadaye, miaka ya 1970, zikaja Buruburu na vikoti vyake, Umoja, na Dandora ya viwanja na huduma iliyofadhiliwa na Benki ya Dunia. Kila mchoro ulikuwa na sehemu za kijani: uwanja wa watoto, shule, kanda ya mto. Mbuga ilikatwa vipande, lakini vipande viliachwa.

Mzee mmoja jirani yetu, aliyefanya kazi reli hadi akastaafu, aliwahi kuniambia kwamba alipokuja Makongeni kijana katika miaka ya 1950, Jumapili walitembea kuelekea Embakasi kutazama swala. "Tulikuwa hatulipi kitu, mwanangu. Unasimama tu. Wanakuangalia, unawaangalia." Kisha uwanja wa ndege wa Embakasi ukajengwa, kwa jasho la wafungwa wa Mau Mau, ukafunguliwa mwaka 1958. Nikamuuliza swala walienda wapi. Akacheka. "Hao? Walifanya kama sisi. Walihamishwa bila barua."

Kizazi changu hakikuona swala. Sisi tuliona panzi. Nyuma ya mtaa wetu kulikuwa na uwanja, na wiki ya kwanza ya Januari, kabla shule hazijafunguliwa, nyasi zake zilifika magotini. Tulikamata panzi tukawafunga uzi. Vipepeo weupe walipita kwa mamia, wote wakielekea upande mmoja kama watu wanaowahi treni. Mbayuwayu walikata hewa chini chini, karibu na vichwa vyetu, wakila wadudu tuliowaamsha kwa mbio zetu. Siku moja ikaja mabati, ukuta wa mabati kuzunguka uwanja wote, na askari wa usiku. Mwaka uliofuata kulikuwa na fleti. Wazazi waliambiwa kiwanja kilikuwa na mwenyewe miaka yote, karatasi anazo.

Hadithi hiyo si yangu peke yangu, kila mtaa una ya kwake. Tume ya Ndung'u ilipotoa ripoti yake mwaka 2004, ilionyesha jinsi ardhi ya umma kote nchini, ikiwemo viwanja vya michezo na vya shule, ilivyogawiwa watu binafsi kinyume cha sheria. Namna ilivyofanyika inafanana na ile ya zamani kuliko tunavyopenda kukubali. Kwanza mtu anasimama mbali, anatazama nyasi, na kusema: hapa ni tupu.

Basi nikuonyeshe nani anaishi kwenye utupu huo.

Anza na Ruai, kwenye mabwawa makubwa yanayosafisha maji taka ya mji. Najua, harufu. Lakini wapenzi wa ndege wa dunia nzima wanayajua mabwawa haya, na yamo kwenye orodha ya maeneo muhimu ya ndege nchini. Asubuhi ya Januari, jua likiwa limepanda kidogo, bata wa aina nyingi wanaelea kama boti zilizofunguliwa kamba, korongo wanasimama mguu mmoja, na pembeni kwenye matope ndege wadogo wa miguu mirefu wanadonoa bila kupumzika. Wengi wa hao wadogo wametoka Ulaya na Urusi. Huko kwao sasa hivi ni theluji na giza la saa tisa alasiri. Wameruka maelfu ya kilomita kuja kuota jua letu, kwenye maji ya choo chetu, na wanaonekana wameridhika kabisa. Hata viboko wamewahi kuonekana humo. Viboko, Eastlands, kwa ground.

Kisha rudi mjini polepole. Kwenye Kangundo Road, popote ng'ombe wanapolishwa kando ya barabara, yangeyange weupe wanatembea kwato kwa kwato, wakisubiri panzi waruke. Ndivyo ndege huyo alivyotembea na nyati. Bwana wake amebadilika, kazi ni ile ile. Kwenye jaa la Dandora utamkuta korongo mfukoshingo, yule mkubwa mwenye upara, anayesimama kama mzee wa kanisa aliyekasirika. Mbugani alisubiri simba amalize kula, hapa anasubiri lori. Mwewe wanazunguka juu ya masoko. Kwarara wanapiga kelele alfajiri na kukuamsha kabla ya simu, kisha wanashuka kwenye uwanja wowote wenye nyasi mbichi kuchokoa funza kwa ule mdomo mrefu. Mvua ya kwanza ikinyesha, vyura wanaimba kwenye mtaro nyuma ya ploti. Walikuwa wamejizika kwenye udongo mweusi wakisubiri. Chini ya fleti, bana.

Hawa wote ni wenyeji wa uwanda. Hawakuingia mjini. Mji uliingia kwao, nao wakatafuta mianya.

Na upande wa kusini, ule uliolindwa, mambo nayo yamebadilika. Hifadhi imezungushiwa uzio pande za mji, lakini kusini iko wazi ili wanyama waende na kurudi Kitengela na Kapiti kama zamani. Huko nje sasa kuna ploti, kuta na waya. Nyumbu waliokuwa wakivuka kwa maelfu wamepungua vibaya. Juni 2012 wakazi wa Kitengela waliua simba sita walioingia bomani kutafuta mifugo. Machi 2016 simba aitwaye Mohawk alipigwa risasi na maafisa wa wanyamapori huko Isinya, baada ya kujeruhi mtu kwenye umati uliomzunguka. Mwaka 2019 reli mpya ilifunguliwa juu ya hifadhi yenyewe, kwenye daraja la kilomita sita, na twiga anapita chini ya treni. Reli ya kwanza ilikuwa mpaka wa hifadhi. Ya pili imepita katikati yake. Mstari haumlindi mtu milele. Unalindwa tu na watu wanaokubali kuulinda.

Ndiyo sababu naandika haya sasa. Mitaa ya zamani ya Eastlands inabomolewa ili maghorofa yajengwe. Pangani ilishaanza safari hiyo, na mipango ya mitaa mingine iko mezani. Sina ugomvi na nyumba. Watu wanahitaji nyumba, na nani atamwambia mama wa watoto wanne katika chumba kimoja akae hivyo ili kwarara apate funza? Lakini nimesoma namna mipango hii inavyozungumza. Ule uwazi wa kati ya nyumba, pale watoto wanapocheza bano, pale wazee wanapoota jua, pale yangeyange wanaposhuka, unahesabiwa kama ardhi isiyotumika. Tupu, kwa lugha nyingine. Mgeni wa mwaka 1899 angekubaliana nao kabisa.

Kiswahili chetu kina maneno mawili hapo, na ni vizuri tuyatenganishe. Kilicho wazi si lazima kiwe tupu. Mlango wazi una mwenye nyumba ndani.

Kwa hiyo, kabla ya mabati kufika mtaani kwako, fanya kazi ndogo. Nenda ofisi ya ardhi au ya mipango ya kaunti, uliza mchoro wa awali wa mtaa, uone ni sehemu gani zilitengwa kuwa viwanja. Ongea na wazee wangali hai; wao wanakumbuka beacon ilikuwa wapi kuliko karatasi. Halafu Jumamosi yenye jua, keti kwenye hicho kiwanja saa nzima, simu mfukoni, uhesabu kila kinachoruka, kinachotambaa na kinachokula nyasi, uandike majina yao. Siku mtu atakapokuja na kusema hapa hapana kitu, msomee orodha.